Ushauri: wanafunzi wanaamini Naili unapanda mlima kwenda kaskazini

Mwalimu_Jinja
Habari zenu wapenda jiografia. Nafundisha Senior Two hapa Jinja na darasa limekwama. Ramani ya ukutani inaonyesha Naili ukianzia chini na kuishia juu, basi wanafunzi wameshika kwamba maji yanapanda. Wengine wanaandika kwenye mtihani kuwa Naili ndio mto pekee duniani unaokwenda kaskazini. Nataka tutengeneze modeli ya kumwagia maji, kuanzia Jinja hadi Nimule, mpakani mwa Uganda na Sudan Kusini. Maboksi ninayo, gundi na rangi pia, na muda ni wiki nne. Nitumie kipimo gani, na nianze na nini?

Mpima_Ardhi
Mwalimu, kabla ya kukata boksi hata moja, wachore mkato wa mto, yaani mchoro wa kuuona mto kwa ubavu, unavyoshuka kutoka mwanzo hadi mwisho. Hapo ndipo "juu" ya ramani na "juu" ya mlima zinapoachana kichwani.

Chukua karatasi ya grafu ya A3; A4 haitoshi. Mlalo: sentimita 1 iwe kilomita 20. Wima: sentimita 1 iwe mita 100, na mhimili uanzie mita 500. Kutoka Jinja hadi Ziwa Albert mto una kama kilomita 420, yaani sentimita 21. Albert hadi Nimule ni kama 210, sentimita 10 na nusu. Watie alama hizi za kimo juu ya usawa wa bahari: Ziwa Victoria mita 1,134, Kyoga kama 1,033, Albert kama 619. Viwango vya maji ya maziwa hupanda na kushuka kidogo mwaka hadi mwaka, kwa hiyo usigombane na kitabu kinachotofautiana nawe kwa mita moja mbili.

Wakiunganisha alama, wakataze kupiga rula moja kwa moja kutoka Kyoga hadi Albert. Hilo ndilo kosa la kawaida. Kutoka Kyoga kupitia Masindi Port mpaka karibu na maporomoko ya Karuma mto umelala bapa. Mteremko karibu wote, zaidi ya mita 400, umerundikana kati ya Karuma na Albert. Baada ya Albert mstari unalala tena hadi Nimule. Meli za zamani zinathibitisha: zilitoka Namasagali, zikavuka Kyoga hadi Masindi Port, abiria wakashuka na kwenda kwa barabara mpaka Butiaba, kisha wakapanda meli nyingine iliyofika Nimule. Kipande cha mto walichokikwepa kwa barabara ndicho chenye maporomoko.

Waambie pia wazi kwamba mchoro huo umekuza wima mara 200 kuliko mlalo. Wasipojua hivyo, watadhani Karuma kuna ukuta.

Fundi_Kadibodi
Nije kwenye modeli. Tumia 1:500,000, sentimita 1 kwa kilomita 5. Eneo lako litatoshea ubao wa sentimita 80 kwa 55. Boksi la kawaida la bati-bati lina unene wa milimita 3 hadi 4, kwa hiyo tabaka tatu ni kama sentimita 1, na hiyo ihesabu kuwa mita 100. Kutoka mita 600 hadi 1,200 ni tabaka 18. Maporomoko ya Murchison, au Kabalega, yana mita 43: tabaka moja tu na kidogo. Wanafunzi watataka kuyafanya makubwa kwa sababu ni maarufu, usikubali, maana mteremko mwingi uko kwenye mfululizo wa maji makali ya juu yake.

Nakili kutoka kwenye ramani mistari ya kontua, ile inayounganisha mahali penye kimo sawa, kata kila tabaka, bandika kuanzia ya chini. Kisha funika ngazi kwa karatasi za gazeti zilizolowekwa kwenye gundi ya mbao, sehemu moja gundi na moja maji. Uji wa unga ni rahisi lakini huota ukungu ndani ya wiki, na panya wataila modeli kabla ya maonyesho. Ikikauka kabisa, paka rangi ya mafuta mara mbili, ukisubiri saa 24 kabla ya kupaka mara ya pili. Ukipaka ikiwa bado na unyevu, rangi itavimba na maji yatapenya mpaka kwenye boksi.

Mfereji wa mto uwe na upana wa milimita 8 hadi 10. Chini ya 5 maji hujishika kwenye kingo na kusimama kama matone.

Mwalimu_Jinja
Asanteni sana. Swali: kama Kyoga hadi Karuma ni bapa, si maji yatakwama hapo? Niinue ubao upande wa kusini?

Fundi_Kadibodi
Usiinue. Sentimita moja tu ya kuinua ni mita 100 za uongo, tena utakuwa umefundisha kwamba nchi nzima imeinama kaskazini. Acha Kyoga ijae kwanza kama bakuli, halafu ifurike kupitia mdomo wake wa magharibi. Ndivyo ziwa linavyofanya kazi. Kwenye kipande hicho chimba mfereji ushuke milimita 2 tu jumla, inatosha.

Nyanza_na_Ufa
Hapo kwenye Kyoga msipite haraka, ndipo penye utamu wa somo lote. Tazameni mikono yake: inafanana na matawi ya mto uliozama. Zamani mito ya huku ilielekea magharibi. Ukingo wa Bonde la Ufa ulipoinuka, njia ikazibwa, maji yakarudi nyuma na kutuama. Victoria nalo ni ziwa la kina kifupi kwa ukubwa wake, kama mita 80 tu penye kina kirefu. Maji yalitafuta pengo la chini kuliko yote, na pengo hilo likawa Jinja. Mto Kafu umebaki kama ushahidi: bonde ni lile lile, lakini sehemu ya maji yake sasa inakwenda mashariki.

Kuhusu "mto pekee": wape Semliki, unaotoka Ziwa Edward kwenda Albert, kaskazini pia. Kisha waonyeshe Ruzizi ndani ya bonde hilo hilo la ufa, unatoka Kivu na kwenda kusini hadi Tanganyika, kwa sababu volkano za Virunga ziliziba njia ya kaskazini. Mbali zaidi kuna Rhine, Magdalena wa Colombia, na Ob, Yenisei na Lena za Siberia. Hizo za Siberia zina mkasa wake: barafu huyeyuka kwanza kusini, kwenye chanzo, wakati kaskazini bado imeganda, hivyo maji hugonga barafu na kufurika.

Mpima_Ardhi
Naongeza moja. Ramani za 1:50,000 za idara ya upimaji Entebbe ni nzuri lakini utahitaji karatasi nyingi mno. Chukua 1:250,000 na upunguze nusu. Urefu wa mto pima kwa uzi uliolowekwa maji, unaufuata mkunjo kwa mkunjo, kisha unaunyoosha kwenye rula.

Mwalimu_Jinja
Kesho tunaanza na mkato. Ramani ya ukutani nitaigeuza kusini juu tangu asubuhi, waikute hivyo.

Fundi_Kadibodi
Tia maji rangi ya bluu kidogo, na jaribu kwa kikombe kimoja kabla ya maonyesho. Panapovuja kwanza huwa ni chini ya Karuma, mahali ngazi zilipokaribiana. Ongeza tabaka moja ya karatasi pale kabla ya rangi.