Naomba ushauri: nataka kuucheza mchoro wa Kolo, tambiko la kale niliguse au niliache?

Wakuu, habari za jioni. Mimi ni mchezaji, nafanya sanaa ya utendaji, ile ya mwili bila maneno. Kuna mchoro wa kale mwambani pale Mungumi wa Kolo, Kondoa, umeniganda kichwani. Watu watano wekundu, wembamba kama fito. Wa katikati anavutwa, wawili huku, wawili kule. Mwanaakiolojia Mary Leakey, aliyenakili michoro ya huko mwaka 1951, aliona mtu anatekwa. Wengine wanasema ni ngoma ya uganga, mtu kapandisha na wenzake wanamshikilia.

Nataka tuucheze palepale mwambani, miili tumejipaka udongo mwekundu, mwisho nimwage pombe kama wazee kwenye tambiko la mvua. Mwenzangu anasema najitafutia balaa. Nipeni ushauri, matusi hapana.

Mrangi_Halisi: Mkuu, "la kale" kwa nani? Watu wanapanda pale hadi leo na mbuzi wao, wengine kuombea mvua, wengine wana mgonjwa. Ukimwaga pombe bila shida yoyote umeomba nini sasa?

KotaMbili: Achana na mizimu kwanza, fikiria ukuta. Udongo mwilini, mtu anateleza, anaegemea mchoro, kwisha. Niliwahi kwenda na kundi, mmoja wetu akarusha maji ya chupa ukutani ili rangi iwake kwenye picha. Mzee aliyetupeleka hakusema neno, alianza tu kushuka mlima. Eneo hilo liko kwenye urithi wa dunia tangu 2006, bila kibali huchezi. Anzia ofisi ya Mambo ya Kale palepale Kolo.

Fito5: Chezeni uwanjani huku chini. Na huyo wa katikati usimwamulie kama anatekwa au anaponywa. Wavutaji wavute kwelikweli, mpaka kanga ikaze kwenye kiwiko, naye akiamua kuwafuata wa kushoto, awafuate. Mimi kiingilio ningelipa kwa hilo tu, pombe sina habari nayo.

Mleta mada: Fito5 umenimaliza. Pombe naitoa, mwamba nauacha. Ila wazee lazima niwaone kabla ya mazoezi. Naenda na nini mkononi?

Mrangi_Halisi: Sukari na majani ya chai. Habari ya mbuzi watakuambia wenyewe. Kamera iache gesti.