MREJESHO: Mafao ya bro aliyefukuzwa kazi kabla hajafariki

Wakuu niliuliza kama shemeji na watoto watapata kitu maana bro alifukuzwa ghala la korosho hapa Mtwara, baadae akafariki, na mwajiri anamwambia mjane eti aliyefukuzwa hana chake. Uongo mtupu! NSSF (mfuko wa hifadhi ya jamii) wamesema michango haifutwi na kufukuzwa, salari slipu shemeji alizitunza kwenye rambo chini ya godoro zimesaidia sana kuonesha makato. Mshahara aliofanyia kazi na likizo ambayo hakwenda navyo mwajiri anatakiwa alipe, kiinua mgongo (mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka wa kazi, mwisho miaka 10) ndo hakuna kama alifukuzwa kihalali kwa utovu wa nidhamu. Kikao cha ukoo kimempitisha shemeji awe msimamizi wa mirathi, mirathi tumefungua mahakama ya mwanzo, tangazo limeshabandikwa.