Naomba ushauri: natunga muziki wa filamu, jina linaandikwa la bosi

Habari zenu wakuu. Naomba mawazo ya wenye uzoefu.

Nipo chini ya mtunzi wa muziki wa filamu, kama mhariri. Picha ikikatwa upya, naurefusha au kuufupisha muziki ili pigo liangukie palepale mlango unapofungwa, na mtazamaji asisikie pale nilipounganisha. Naipenda mno kazi hii. Ila siku hizi napewa pia vipande vya kutunga mwenyewe, hasa vya matukio ya wasiwasi, na kwenye orodha ya muziki inayopelekwa chama cha mirabaha (malipo ya watunzi kazi zao zinapotumika) anaandikwa bosi peke yake. Asiyetajwa humo hapati mrabaha filamu ikioneshwa kwenye runinga, na mkataba wangu unataja uhariri tu.

Nimeongea naye kwa heshima. Akasema wote wanaoanza hupitia hapo. Faili za kazi zenye tarehe ninazo.

Je, kwa vipande vijavyo nidai asilimia ya utunzi, au niombe malipo makubwa ya mara moja? Na kutajwa mwishoni mwa filamu kama mhariri wa muziki kunatosha kunipatia kazi kwa waongozaji wengine?

Natanguliza shukrani.