Makaburi mengi tarehe moja halafu mji wenyewe haupo. Dawson, New Mexico ilikuwaje?

mzee_wa_tela: Wakuu habari za jumapili. Mimi naendesha lori huku Marekani, wiki iliyopita nilikuwa na siku mbili za kupumzika Raton, New Mexico, jamaa mmoja akaniazima gari tukasema twende upande wa Cimarron tukashangae milima. Njiani tukakata kona kwenye kibarabara, maili kama 5 hivi, tukakuta makaburi. Sio makaburi ya kijiji, ni mamia ya misalaba ya chuma imepakwa rangi nyeupe, safu kwa safu, majina mengi ya Kitaliano na Kigiriki, na kwenye mawe kadhaa tarehe ni ile ile, 22 Oktoba 1913. Nikageuka kutafuta mji uko wapi, hamna kitu, nyasi na ng'ombe, mbele kuna geti la shamba la mtu. Sasa naomba kujuzwa, mji wa watu wote hao umeenda wapi? Ulibomoka, uliungua, au watu walihama tu? Na hiyo tarehe kulitokea nini?

kijiwe_cha_historia: Mkuu hapo ulipofika ndio Dawson, na mji haukuungua wala haukubomoka wenyewe, uliuzwa. Yaani mji mzima uliuzwa kama chuma chakavu.

Ngoja nianzie mwanzo. Pale palikuwa na ranchi ya bwana mmoja John Dawson, makaa ya mawe yakagundulika, mji ukaanza 1901, 1906 kampuni ya shaba ya Phelps Dodge ikanunua kila kitu. Hawa walikuwa na viwanda vya kuyeyusha shaba kule Arizona, kuyeyusha shaba kunataka koki, na koki inatokana na makaa yaliyochomwa kwenye tanuri, kwahiyo Dawson ilikuwa jiko lao. Treni nazo zilikuwa zinakula makaa hayo hayo. Wakajenga mji wa maana sio mchezo, hospitali, ukumbi wa opera, bwawa la kuogelea, shule, duka kubwa, wafanyakazi wakaletwa kutoka Italia, Ugiriki, Meksiko na kwingineko, mji ukafika maelfu ya watu. Ila hakuna hata mmoja wao aliyekuwa na msumari wake pale. Nyumba ya kampuni, duka la kampuni, daktari wa kampuni, ukiachishwa kazi asubuhi jioni huna pa kulala.

Kwahiyo 1950 reli zilipohamia kwenye dizeli na soko la makaa likafa, kampuni ikafunga mgodi, watu wakaambiwa wafungashe, halafu ikauza majengo na mitambo kwa wanunuzi wa vyuma chakavu. Nyumba nyingine ziling'olewa nzima nzima zikapelekwa kwingine. Makaburi tu ndio hayakuwa na mnunuzi.

mtoto_wa_mgodini: Hiyo ya 22 Oktoba naijibu mimi, niliwahi kufanya kazi ya kulipua kwenye mgodi wa dhahabu Kanda ya Ziwa. Ule ulikuwa mlipuko wa mgodi namba 2 wa Stag Canon hapo Dawson, mchana kama saa tisa, wakafa 263, humo wamo waokoaji 2 walioingia kuwatafuta wenzao. Kwa Marekani ni ajali ya pili kwa vifo kwenye migodi ya makaa, ya kwanza ni Monongah, West Virginia, Desemba 1907, walikufa 362.

Chanzo ni baruti kulipuliwa wakati watu wako chini wanapiga kazi. Hata sisi kwenye dhahabu hiyo ni marufuku, unalipua shifti ikishatoka, unasubiri moshi uishe ndio watu wanashuka. Lakini kwenye makaa kuna kitu kibaya zaidi ambacho kwenye dhahabu hakipo, vumbi. Mwamba wa dhahabu ukisagika unakuharibia mapafu basi, ila vumbi la makaa lenyewe ni kuni. Baruti ikipiga, upepo wake unanyanyua vumbi lililolala chini na kwenye kuta, moto unalidaka, linalipuka, upepo wa pili unanyanyua la mbele yake, hivyo hivyo mpaka mwisho wa handaki. Ni kama mgodi wote umetegwa utambi. Na ambaye moto haukumfikia anamalizwa na hewa yenye sumu inayobaki. Dawa yake ni kumwagia maji, au kunyunyizia vumbi la mawe ya chokaa lichanganyike na la makaa lisishike moto.

Halafu unaambiwa 8 Februari 1923 ikajirudia, mgodi namba 1 hapo hapo Dawson. Safari hii treni ya ndani iliacha reli ikagonga matimba (nguzo za mbao za kushikilia paa) na nyaya za umeme, cheche, vumbi, kwisha habari. Wakafa 120 na ushee. Na baadhi ya waliokufa 1923 walikuwa watoto wa waliokufa 1913.

dada_wa_minnesota: Mi nilikuwa sijui hata kama kuna mji unaitwa hivyo ila jina nalijua kwa njia nyingine, Dolores Huerta kazaliwa Dawson, 1930! Yule mama aliyeanzisha chama cha wafanyakazi wa mashambani na Cesar Chavez mwaka 1962, ndiye mwenye ule msemo wa Sí, se puede (ndiyo, inawezekana) ambao Obama alikuja kutembea nao kwa Kiingereza, na Obama mwenyewe akampa nishani 2012. Baba yake alikuwa mchimbaji hapo hapo, baadaye akaingia bunge la jimbo.

Ila jamani tusiipambe sana hii kampuni kwa bwawa na opera. Ni hao hao Phelps Dodge, Julai 1917 kule Bisbee, Arizona, wachimbaji waligoma, wakakamatwa alfajiri na watu wenye bunduki, karibu 1,200 wakapakiwa kwenye mabehewa ya ng'ombe wakaenda kutupwa jangwani New Mexico. Bwawa la kuogelea ni ili usiondoke. Ukianza kuuliza maswali behewa lipo.

mwana_lushi: Bandugu, mimi ni mtu ya Lubumbashi, mwenye alikomalia mu kampu ya Union Minière, kampuni ya shaba ya kwetu Congo, atasikia hii habari sawa vile ya kwabo. Nyumba ya kampuni, hopitali ya kampuni, masomo ya batoto ya kampuni, na posho kila wakati. Bazee balikuwa banasema kampuni njo baba njo mama. Kisha ikakuwa Gécamines, ikaanguka, mu 2003 batu zaidi ya 10,000 balitoka ku kazi, kampuni ilisema ni kwa mapenzi yabo, mapenzi gani? Lakini siye mji ilibakia, batu balibakia mule mule. Kuuzisha mji muzima, ile sijaionaka.

kijiwe_cha_historia: @mwana_lushi tofauti ni kwamba Dawson ilikuwa peke yake porini, makaa yakiisha soko hakuna kingine cha kumfanya mtu abaki, na ardhi si yake. Hata hivyo waliozaliwa pale kwa miaka mingi walikuwa wanarudi kukutana, na 1992 makaburi yakaingizwa kwenye orodha ya taifa ya maeneo ya kihistoria, ndio maana mzee_wa_tela umekuta misalaba bado imesimama.

mzee_wa_tela: Asanteni sana wakuu. @mtoto_wa_mgodini umenimaliza na hiyo ya baba na mtoto. Kwenye simu nina picha mbili, misalaba miwili jina la ukoo moja, mmoja 1913 mwingine 1923. Siku ile nilimwambia jamaa yangu hawa walikosea kuandika mwaka.