Daktari wa moyo akihamia Uingereza: aanzie wapi?

Wanajumuiya, salaam.

Swali kwa wanaoujua mfumo. Daktari wa magonjwa ya moyo mwenye MMed (shahada ya uzamili ya ubingwa), aliyezoea kupima eko (picha ya moyo kwa mawimbi ya sauti) na kuweka betri za moyo (pacemaker), akija Uingereza anapokewa kama bingwa au anarudishwa chini? Na kati ya PLAB (mtihani wa leseni kwa madaktari waliosomea nje) na MRCP (mtihani wa vyuo vya kifalme vya madaktari wa tiba ya ndani), ipi ina faida zaidi kwake?

*

Ndugu muulizaji, kuna mambo mawili ambayo watu huyachanganya. Usajili wa GMC, yaani baraza la madaktari la Uingereza, unakupa leseni ya kutibu. Kuingia rejista ya mabingwa ni safari nyingine, na MMed peke yake haikufikishi.

Kwa leseni, anza na mtihani wa Kiingereza: IELTS Academic wastani wa 7.5, na pasiwe na kipengele chini ya 7.0, au OET (Kiingereza cha wahudumu wa afya) daraja B katika vipengele vyote. Shahada inahakikiwa kupitia EPIC, huduma ya mtandaoni ya kuhakiki vyeti vya madaktari. PLAB 1 ina maswali 180 kwa saa 3, na unaweza kuifanyia nje ya Uingereza. PLAB 2 hufanyika Manchester: unazunguka vituo 16 vya kupimwa kwa vitendo, kila kimoja dakika 8.

Kipimo cha PLAB ni daktari anayeanza mwaka wa pili wa kazi baada ya chuo, na hapo ndipo mabingwa hujikwaa. Mgonjwa wa kuigiza anasema kifua kinabana. Bingwa anarukia eko na kathetari (mrija wa kuingizwa moyoni) kabla ya kumuuliza anahofia nini au nyumbani anamwachia nani. Alama zinapotea hivyo hivyo.

Kwa mtu wa moyo mimi nasema MRCP. Sehemu ya 1 na ya 2 kila moja ina karatasi mbili za maswali 100, kisha PACES, ambayo ni ya kumpima mgonjwa mbele ya watahini. Ukimaliza zote unasamehewa PLAB, lakini Kiingereza husamehewi. Cheti usikifungie kabatini miaka mingi, maana GMC huangalia kilipatikana lini.

*

Naongezea upande wa makaratasi, maana wengi hukwama huko kuliko kwenye mitihani.

Majina kwanza. Shahada ina majina matatu, pasipoti ina mawili, cheti cha baraza la madaktari la kwenu kina herufi ya kwanza tu: uhakiki unasimama. Sawazisha kabla ya kufungua akaunti yoyote.

Cheti cha mwenendo mwema kutoka baraza la madaktari kinahesabika kwa miezi 3 tu. Ukikiomba mapema kitaisha huku ukisubiri matokeo. Kiombe mwishoni, na kwa kila nchi uliyosajiliwa ndani ya miaka 5 iliyopita.

*

Kuhusu rejista ya mabingwa: aliyesomea ubingwa nje hupitia njia ya ushahidi, ile iliyokuwa ikiitwa CESR hadi mwishoni mwa 2023. Unawasilisha mamia ya kurasa kuthibitisha kwamba unafikia mtaala wao wa moyo.

Kwa hiyo daftari la kazi lianze kabla hujaondoka. Kila eko, kila stenti (kibomba cha kushikilia mshipa wazi), kila betri: tarehe, dalili iliyosababisha, ulifanya mwenyewe au ulisaidia, kilichoharibika na mlivyokirekebisha. Jina la mgonjwa lisionekane popote. Mkuu wa idara asaini na kugonga mhuri, tena awe na barua pepe ya hospitali, kwa sababu ataandikiwa kuthibitisha. Akishastaafu na anwani ikafungwa, kazi ya miaka inabaki haina shahidi.

Kwa eko, cheti cha BSE, chama cha wataalamu wa eko cha Uingereza, kinaheshimika sana hapa. Daftari lake linataka vipimo 250. Ukipata kazi ya mkataba yenye mafunzo, anza kuvihesabu wiki ya kwanza.

Asiyetaka kuhama moja kwa moja aangalie MTI, mpango wa mafunzo ya muda kwa madaktari wa nje: mafunzo ya hadi miezi 24, PLAB haihitajiki, na nia yake hasa ni urudi na ujuzi.

*

Dokezo kwa wanaomtaja Magdi Yacoub, daktari maarufu wa moyo, kama mfano: yule ni mpasuaji. Alitoka Misri mwanzoni mwa miaka ya 1960 na kujenga jina katika hospitali ya Harefield, Uingereza. Milango ya wakati ule si hii. Mpasuaji hufuata MRCS, mtihani wa vyuo vya wapasuaji, si MRCP. Na msishangae, wapasuaji hapa huitwa "Mr", si "Dr".

*

La mwisho, linalowanasa wageni wodini: kuendesha gari. Mgonjwa anayeendesha gari dogo aliyewekewa betri ya moyo hakai kwenye usukani kwa wiki 1. Aliyepata shambulio la moyo akazibuliwa mshipa vizuri, wiki 1 pia. Asiyezibuliwa, wiki 4. Dereva wa lori au basi ana masharti makali zaidi, kuanzia wiki 6. Mwambie kabla hajatoka hospitali na uandike kwenye faili kwamba umemwambia.