"Rudi ukishapigwa": huyu afande wa meza ya OB (daftari la matukio la kituo cha polisi) sheria hiyo kaitoa wapi?

Nyote mnamjua. Yule wa meza ya malalamiko, ambaye peni yake ilikauka kabla ya uhuru. Leo kafikiwa na mama mwenye jumbe za simu zinazosema atauawa yeye na wanawe. Afande hata macho hakuinua: "Hapa hatuandiki vitisho. Rudi ukishapigwa."

UKISHAPIGWA! Kifungu cha 223 cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya kinasema kutishia kuua ni kosa tosha, kifungo hadi miaka 10. Kosa limeshatendeka kabla ya kofi la kwanza, naye anangoja maiti ijiandikishe yenyewe. Kulinda maisha na kuchunguza uhalifu ndiyo kazi anayolipwa mshahara kuifanya.

Sasa ni Mahakama Kuu tu, ombi la kutetea haki chini ya Kifungu cha 22 cha Katiba. Mei 2013, Mahakama Kuu ya Meru iliamua kwamba polisi walivunja Katiba walipopuuza malalamiko ya wasichana walionajisiwa, ikawaamuru wachunguze haraka na ipasavyo. Afande huyo asomewe hukumu hiyo kwa kipaza sauti. Rudi ukishapigwa!

KiapoKikavu: Kelele nyingi, nambari ya OB iko wapi? Bila rekodi, wakili wa serikali atasimama aseme hakuna malalamiko yaliyopokelewa, na ombi limekufa. Afande akikataa kuandika, peleka barua kwa OCS, mkuu wa kituo, nakala kwa kamanda wa polisi wa kaunti na IPOA, mamlaka huru ya kusimamia polisi. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa, uiambatishe kwenye hati ya kiapo.

Mwenye uzi: Anayemwambia mtu arudi akishapigwa ndiye atagonga muhuri?

KiapoKikavu: Basi tuma kwa rejista ya posta, utunze risiti. Kulia hapa hakuandiki OB.

BintiWaMasijala: Na hizo jumbe zenu za simu! Mtu anabandika picha za skrini kumi na mbili bila cheti cha kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Sema zilitoka simu gani, nani alizichapisha, kwa kifaa gani. Mkikosa hicho, upande wa pili unaomba zitupwe, nanyi mnabaki mkimlaumu jaji.

Sheria_Kavu: Mwenye uzi hajui hata anachoomba. Mahakama itaamuru malalamiko yachunguzwe, ila ukiandika "mshukiwa akamatwe na ashtakiwe" umeingilia kazi ya DPP, Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma. Tena Kifungu cha 157(4) cha Katiba kinampa DPP uwezo wa kumwagiza Inspekta Jenerali wa polisi achunguze, na lazima atii. Mwandikie kwanza. Jaji atakuuliza njia nyingine ulizipita kwa nini.

Mwenye uzi: DPP, IPOA, posta… mama amelala wapi leo? Kaambiwa RUDI UKISHAPIGWA!

NyumbaniKwanza: Anayemtisha ni nani? Kama ni mume au jamaa, Mahakama Kuu ya nini? Aende kwa hakimu chini ya Sheria ya Kinga Dhidi ya Dhuluma za Kinyumbani ya 2015, aombe amri ya ulinzi ya muda. Mumewe akiivunja, hilo ni kosa linalomkamatisha.

Sheria_Kavu: Hilo ndilo la maana tangu uzi ufunguliwe. Na anayekwenda Mahakama Kuu aombe pia polisi wawasilishe ripoti ya uchunguzi kwa tarehe iliyotajwa. Amri isiyo na tarehe inazeeka kwenye faili la OCS.

BintiWaMasijala: Tarehe mnazitaja nyinyi! Hati ya dharura imekubaliwa asubuhi, tarehe ya kutajwa ni wiki tatu mbele. Dharura gani hiyo?

FailiLimepotea: Afadhali wewe una tarehe. Kuna mawakili wanaoshtaki "Kituo cha Polisi" kana kwamba kituo ni mtu. Weka Inspekta Jenerali, OCS na Mwanasheria Mkuu! Ombi linapingwa kwenye ukurasa wa kwanza, mteja ameshalipa.

KiapoKikavu: Hao hao wananakili ombi la mtu mwingine, wanasahau kubadilisha jina la kaunti.

BintiWaMasijala: Na kupakia kurasa zisizo na nambari. Nimechoka na mawakili, fungueni uzi wao.

FailiLimepotea: Naufungua sasa hivi. Naanza na wale wa hati za kiapo zisizotiwa saini.