Nimetoka msituni, Mombasa inanishinda. Nifanyeje?

mtu_wa_asali:
Salaam aleikum jamani. Mimi nimekulia msitu wa Boni huko Lamu, babu alikataa kuhamia kijijini akatulea ndani kabisa, watu niliowajua utotoni hawafiki ishirini. Sasa niko Likoni kwa ami mwezi wa nne huu. Wengi wanadhani nasumbuliwa na simu, simu nilijifunza wiki moja tu. Shida ni kelele na watu. Kule kijiti kikivunjika najua ni mnyama gani na yuko wapi, hapa masikio yanakamata kila kitu, bodaboda, honi, redio ya jirani, usiku silali nakaa tu kitandani. Na feri asubuhi tukibanwa pale getini natetemeka jasho linanitoka, juzi nilirudi nyumbani nikakosa kibarua Kongowea. Halafu naamkia kila mtu njiani wananishangaa, kwetu kumpita mtu kimya ni kama umemtukana. Hii huisha ama nirudi?

bimkubwa_likoni:
Waaleikum salaam mwanangu. Usirudi kwa sababu ya feri. Vuka saa kumi na moja alfajiri watu hawajajaa, simama ubavuni uone maji upate upepo, usiingie katikati. Na kuamkia usiache wallahi, sisi wazee tunaitikia.

fundi_bamburi:
Kaka Jumapili panda matatu uje huku Bamburi. Kuna msitu hapa palikuwa machimbo ya mawe ya simiti, jiwe tupu, 1971 Mswisi mmoja René Haller akaanza kupanda miti, mingi ikafa, mivinje ndo ikashika. Lakini majani yake yalikuwa hayaozi mpaka akaleta majongoo wakayala, udongo ukaanza kupatikana hapo. Mimi nikichoka na mtaa naenda kukaa pale masaa mawili, nikirudi nalala vizuri.

nesi_pwani:
Mdogo wangu, ulichanjwa utotoni? Maana hapa unabanana na watu wengi kila siku na mwili wako haujazoea magonjwa ya mjini. Kuna Mhindi Mwekundu aliyeitwa Ishi, alitoka porini California 1911 akiwa peke yake kabila lake limeisha, akakaa San Francisco, alipopelekwa baharini kilichomshangaza si bahari ni wingi wa watu ufukweni, yaani kama wewe tu. 1916 kifua kikuu kikamuua. Sikutishi, siku hizi kinatibika, lakini nenda zahanati ya serikali uwaeleze ulikokulia, na ukikohoa wiki mbili usingoje. Hiyo ya kutetemeka na kutolala pia waambie, ina msaada wake.

mtu_wa_asali:
Ahsanteni sana. Leo nimevuka alfajiri nimesimama ubavuni kama alivyosema mama, mikono imetetemeka kidogo tu na kazini nimefika. Zahanati naenda Jumatatu na ami. Fundi, huko kwenye mivinje kuna nyuki? Na yule ndege anayemwita mtu kwenye asali, umewahi kumsikia?

fundi_bamburi:
Huyo ndege simjui kaka. Njoo Jumapili unifundishe mlio wake.